Vidonge vya kukata njaa: kwa nini moyo unakwenda mbio na kilo zinarudi

Tangu hizi sindano za kupunguza mwili zianze kuzungumzwa kila pahala, hapa Malindi mambo yamechanganyika kabisa. Ukisema "dawa ya kukonda" mmoja anafikiria Ozempic, mwengine anafikiria ile chai ya majani inayouzwa kwa status za WhatsApp, mwengine ana vidonge alivyoletewa kutoka Dubai kwenye chupa isokuwa na maandishi ya kueleweka, na kuna wale watakaokwambia wachana na hayo yote wewe nunua muguka, ile aina ya miraa ya majani, utafune, njaa utaisikia kwa jirani. Mimi niko duka la dawa na maswali haya nayapata sana, hasa harusi zikianza kufuatana na kila mtu ashashona dera jipya halafu anataka limkae, kwa hivyo nimeona bora niyaandike yote pamoja, nani anasoma asome.

Tuanze na majina kwa sababu hapo ndipo watu wanapotea. Dawa ya kukata hamu ya kula ni ile inayokufanya usisikie njaa, ama ushibe mapema. Haiyeyushi mafuta kama nta juani vile wauzaji wanavyosema. Kazi yake ni ule kidogo, na mwili ukikosa ndio unaingia kwenye akiba yake. Sasa ndani ya dawa hizo kuna ukoo mmoja wa zamani sana ambao unakata njaa kwa njia ya kuchangamsha ubongo na moyo, na huo ndio nataka tuuchambue. Babu wa ukoo ni amfetamini. Fentemini, ambayo mpaka leo madaktari wanaiandika, ni mjukuu. Efedrini ya kwenye mmea wa efedra ni jamaa wa karibu. Na miraa, subiri, tutafika.

Ozempic haimo humu. Dawa iliyo ndani yake, semaglutaidi, inaiga homoni ambayo utumbo wako wenyewe hutoa ukishakula, tumbo linachelewa kumwaga chakula na ubongo unaambiwa umeshiba. Ina taabu zake, kichefuchefu, kutapika, na siku hizi pia za feki zipo, lakini haimchangamshi mtu kama amfetamini. Olistati nayo ni kitu chengine kabisa, haigusi njaa, inazuia karibu theluthi moja ya mafuta ya chakula yasinyonywe, ukila biriani na kuku wa kupaka utayakuta mafuta chooni yakielea, aibu tupu. Na zile chai za kuendesha tumbo, nyingi zina majani ya sanamaki, zinatoa maji na mavi basi, ukipanda mizani asubuhi unaona umepungua, ukinywa maji ukala vizuri umerudi pale pale.

Haya, vichangamshi. Mwili wako una utaratibu wa dharura. Ukikutana na nyoka shambani, ubongo na tezi zilizo juu ya figo zinamwaga kemikali, noradrenalini na ndugu yake adrenalini, moyo unapiga, mishipa inabana, macho yanatoka, mdomo unakauka, na jambo la kula linafutwa kabisa kwa sababu hakuna anayekimbia nyoka huku anatamani mahamri. Amfetamini na jamaa zake wanafanya ubongo umwage hizo kemikali bila ya nyoka kuwepo. Pamoja nayo inamwagika dopamini, ile inayokufanya ujisikie mambo yako sawa, una nguvu, una maneno, unaosha nyumba saa sita usiku. Kwenye fentemini dopamini ni kidogo kuliko kwenye amfetamini yenyewe, ndio maana uraibu wake ni mdogo zaidi, mdogo lakini sikusema hakuna.

Kwa hivyo njaa haikuondoka kwa sababu mwili umepata ulichotaka. Ni sawa na mtu wa bodaboda aliyebandika tepu juu ya geji ya petroli halafu akaongeza mafuta kwa mkono, pikipiki inakwenda kasi kweli na hakuna mshale unaomsumbua. Tena baada ya wiki kadhaa ubongo unazoea. Kidonge kile kile kinaanza kushindwa, njaa inarudi, na hapo ndipo njia mbili zinapoonekana, ama uache, ama uongeze dozi. Historia yote ya hizi dawa ni ya watu walioongeza.

Sasa miraa, kwa sababu huku kwetu ndiyo tunayoijua. Ndani ya majani mabichi kuna kathinoni, ambayo kwa umbo la kemia na kwa kazi ni karibu sana na amfetamini, ila nguvu yake kwa vile inavyotafunwa polepole ni ndogo. Kathinoni haikai, mti ukishakatwa inaanza kugeuka kuwa kathini ambayo ni dhaifu, na ndio sababu ya zile gari kushuka kutoka Meru kama zinafukuzwa na ile miraa kufungwa majani ya mgomba isikauke. Mtu wa Lamu anayesubiri mzigo uvuke kutoka Mokowe anajua bila ya kusoma kemia yoyote kwamba ya jana si ya leo. Na kila anayekaa na wala gomba, yaani hiyo miraa, anajua hali yao, sahani inaletwa barazani, inafunikwa, inapoa, hakuna anayeigusa mpaka handasi, ule uchangamfu wa miraa, ishuke. Hiyo kathini yenyewe kuna nchi iliwahi kutengenezwa kwa vidonge ikauzwa kama dawa ya kukata njaa. Ndio nasema ni ukoo mmoja.

Mwezi wa Mei 2024 wakati kaunti za Mombasa na Kilifi, na Taita Taveta nayo, zilipopiga marufuku muguka, halafu serikali kuu ikasema marufuku hayo si halali na mahakama ya Embu ikayasimamisha, mjadala wote ulikuwa juu ya vijana kuharibika na wakulima wa kule kukosa soko. Sikusikia watu wakizungumza juu ya kina dada wanaotafuna kwa siri ili wakonde, na wapo. Shoga zangu, hesabu hiyo haiji. Muguka unatafunwa na soda, na jojo, na chai ya sukari nyingi, usingizi unakatika, kesho yake unaamka na njaa ya watu watatu. Mtu asolala vizuri kesho yake njaa inamzidi, hilo limepimwa na kurudiwa mara nyingi. Anayekonda kwa miraa mara nyingi amekonda kwa kutokula chakula cha maana kwa miaka, na ukimuangalia meno na tumbo lake hutatamani.

Tukirudi nyuma sasa. Amfetamini ilitengenezwa mara ya kwanza 1887, Ujerumani, na mkemia Mromania kwa jina Lazăr Edeleanu, hakujua aifanyie nini. Methamfetamini ilitolewa kutoka kwa efedrini na Mjapani Nagai Nagayoshi mwaka 1893. Zikakaa kabatini hivo mpaka miaka ya 1930, kampuni ya Smith, Kline & French ya Marekani ikatoa Benzedrine, mwanzo ilikuwa ya kuvuta puani mafua yakikuziba, kama vile sisi tunavyovuta Vicks. Halafu vidonge, kwa wagonjwa wa kusinzia ovyo. Madaktari wakagundua kwamba wanaokunywa hawali. Basi, biashara ikaanza.

Vita Vikuu vya Pili vikaja vikamwaga petroli kwa moto. Wanajeshi wa Ujerumani walipewa Pervitin, ambayo ni methamfetamini, iliyokuwa inauzwa tangu 1938. Waingereza na Wamarekani walipewa Benzedrine. Wajapani nao walikuwa na yao, Philopon, na vita vilipokwisha akiba ikamwagika mitaani mpaka Japani ikalazimika kutunga sheria ya kuzuia 1951. Askari walirudi nyumbani wanavijua hivi vidonge, na waliobaki nyumbani, hasa kina mama, wakauziwa vile vile ila kwa maneno mengine: uchangamfu na kiuno.

Hapa lazima nikae kidogo, kwa sababu yaliyotokea Marekani miaka ya 1950 na 1960 ndiyo ninayoyaona yakirudi huku kwa sura ya intaneti. Kulikuwa na kliniki za kukondesha zinazotoa vidonge vya rangi rangi, vyekundu, vya manjano, vya buluu, kila mteja anapewa mchanganyiko "wake" ili ajione ametengenezewa maalum. Ndani mlikuwa na amfetamini ya kukata njaa, homoni ya tezi ya shingo ya kuunguza mwili, dawa ya kukojoza ili mizani ishuke haraka, dawa ya kulaza ili mtu apate usingizi baada ya amfetamini, na wakati mwengine dijitalisi, ambayo ni dawa ya moyo. Angalia hapo. Dawa ya kukojoza inatoa potasiamu mwilini, na moyo uliopungukiwa potasiamu ukipewa dijitalisi unaweza kupiga ovyo na kusimama. Watu walikufa. Mwaka 1968 mwandishi mmoja wa jarida la Life, ambaye hakuwa mnene hata kidogo, alizunguka kwa madaktari hao na akatoka na vidonge zaidi ya elfu, na mwaka huo huo baraza la Seneti likafanya vikao juu ya jambo hilo. Sheria kubwa ya kudhibiti ikaja 1970. Na kitu kinachowashangaza watu nikiwaambia, methamfetamini mpaka leo imesajiliwa Marekani kama dawa, jina Desoxyn, na kwenye karatasi yake kunenepa kupita kiasi bado kumeandikwa, kwa muda mfupi na kama mengine yameshindwa. Obetrol nayo, kidonge cha kukondesha cha enzi hizo, ilibadilishwa mchanganyiko na ikarudi miaka ya 1990 kwa jina Adderall, hiyo ya watu wasoweza kutulia na kumakinika.

Baada ya hapo makampuni yakatafuta amfetamini isokuwa na uraibu. Wazo zuri, lakini kila walipofunga mlango mmoja mwengine ukafunguka. Aminoreksi iliingia Uswisi, Ujerumani na Austria 1965, na kufikia 1968 ikatolewa kwa sababu watu, wengi wanawake, walipata presha ya mishipa ya mapafu, ugonjwa unaomfanya mtu akose pumzi hata kwa kupanda ngazi, na wakati huo ulikuwa hauna dawa ya maana. Halafu ikaja fenfluramini. Hii ni ya ukoo kwa umbo ila haichangamshi, inasinzisha, kwa hivyo mtu akaona: tuichanganye na fentemini, moja inaamsha moja inalaza. Marekani mchanganyiko ule ukashika kama moto wa makuti, mwaka 1996 peke yake dawa hizo mbili ziliandikwa zaidi ya mara milioni 18. Mwaka uliofuata madaktari wa Mayo Clinic wakaripoti wanawake 24 wenye valvu za moyo, vile vilango vinavyopitisha damu, zilizoharibika kwa namna moja, na Septemba 1997 fenfluramini ikaondolewa pamoja na ndugu yake Redux. Fentemini ikabaki, kwa sababu uharibifu wa valvu ulikuwa wa mwenzake. Watu wengi mpaka leo wanazichanganya hizi mbili, anayesema fentemini inatoboa moyo amekosea jina. Na kwa kuwa dawa haina dini, fenfluramini imerudi tangu 2020 kwa dozi ndogo, kwa wenye kifafa kikali cha aina adimu, na wanapimwa moyo mara kwa mara.

Wafaransa hawakujifunza kwa hayo. Walikuwa na Mediator, iliyosajiliwa kama ya wagonjwa wa sukari na mafuta ya damu lakini ikaandikwa sana kwa kukondesha, jamaa wa fenfluramini, na iliuzwa mpaka 2009. Aliyepiga kelele ni daktari wa mapafu wa mji wa Brest, Irène Frachon. Kampuni iliyoitengeneza, Servier, ilikutwa na hatia mahakamani 2021. Yaani Mediator ilibaki sokoni miaka kumi na miwili baada ya Wamarekani kuondoa yao! Mimi hilo linanikera kuliko hadithi ya aminoreksi, kwa sababu aminoreksi angalau hawakujua.

Fenilpropanolamini, iliyokuwa ndani ya dawa za mafua na za kukata njaa ambazo Marekani unanunua bila ya karatasi ya daktari, 2000 ikaambiwa itoke kwa sababu ya kiharusi cha kuvuja damu kichwani kwa wanawake. Molekuli yake na ile kathini ya miraa ni vitu vile vile vilivyopangwa tofauti kidogo tu. Efedra ya kiasili, iliyouzwa kama mimea salama, ikapigwa marufuku huko 2004, mwaka mmoja baada ya mchezaji wa besiboli Steve Bechler, kijana wa miaka 23, kufa mazoezini akiitumia.

Hapo ndipo ninapomjibu anayeniambia "lakini hii ni majani tu". Efedra ni majani. Miraa ni majani. Tumbaku ni majani pia. Na tabu kubwa zaidi, hayo "majani" ya kwenye mtandao mara nyingi si majani. Kuna dawa inaitwa sibutramini, ilisajiliwa 1997, ikaondolewa Ulaya na Marekani 2010 baada ya utafiti wa watu karibu 10,000 kuonyesha mshtuko wa moyo na kiharusi vinaongezeka kwa wenye matatizo ya moyo. Halali imekufa, lakini unga wake bado unatengenezwa na unatiwa kwenye kahawa za kukondesha, chai, na vidonge vya "asili", na mashirika ya kudhibiti dawa ya nchi nyingi yameikuta humo mara chungu nzima, bila ya kuandikwa popote na kwa dozi isojulikana. Kwa hivyo ukinywa chai ya mitishamba halafu usiku mzima macho yako dari, mdomo mkavu, moyo unagonga, hiyo haikuwa mitishamba. Wauzaji wenyewe wengi hawajui, wameagiza katoni Eastleigh, Nairobi, ama kwa mtandao na wanajua picha za kabla na baada tu.

Lengine ninaloambiwa: "nikitokwa na jasho na moyo ukienda mbio ndio najua inafanya kazi". Hapana mamangu. Jasho na mapigo ni ile dharura ya nyoka, mafuta hayana habari. Mtu mwenye presha ambayo hajawahi kuipima, na wengi hapa hawajawahi, anaweza kuwa anajipandishia presha juu ya presha kila asubuhi kwa miezi.

Na je, fentemini ni haramu? La. Kwa sheria za kimataifa na za hapa Kenya ni dawa inayodhibitiwa, inatoka kwa karatasi ya daktari, na ina kazi yake. Imesajiliwa Marekani tangu 1959 kwa matumizi ya wiki chache, wengi wanaihesabu mpaka kumi na mbili, pamoja na kubadilisha chakula na kufanya mazoezi. Ni ya mtu ambaye uzito wa kilo ukigawanywa kwa urefu wa mita, halafu jibu likagawanywa tena kwa urefu huo huo, unafika 30, kwa mfano mwenye mita 1.60 awe kilo 77 na zaidi, ama 27 kama ana sukari au presha inayodhibitiwa. Si ya mtu anayetaka kilo nne zitoke kabla ya kupamba. Na matokeo yake kwa wastani ni kilo chache tu zaidi ya aliyepewa kidonge kitupu kisokuwa na dawa, ukiacha bila ya kubadilisha sahani zinarudi zote. Haifai kwa mwenye ugonjwa wa moyo, mja mzito, anayenyonyesha, mwenye tezi ya shingo inayofanya kazi kupita kiasi, mwenye glaukoma (presha ya macho), au aliyewahi kuzama kwenye madawa. Kuchanganya na muguka ama zile soda za nguvu ni kupanda juu ya mgongo wa kitu kile kile. Na usimgawie dada yako kwa sababu wewe ilikukubali, moyo wake hujaupima.

Kwa ambaye tayari ameshatumia kwa miezi na anataka kuacha, jua siku za mwanzo utalala kama gogo, utakula sana, na roho itakuwa nzito, wengine huzuni kabisa. Inapita. Kama ulikuwa unameza nyingi au unaanza kuona watu wanakusema vibaya na hakuna anayekusema, usiache kimya kimya peke yako, nenda umuone daktari. Na kama kifua kinabana, pumzi inakata, mkono mmoja hauna nguvu au maneno yanatoka yamepinda, ni hospitali saa hiyo hiyo, na beba chupa ama paketi yenyewe hata kama imeandikwa Kichina, halafu mwambie daktari ukweli kwamba umekunywa na tangu lini. Hawatakushtaki. Wakiijua dawa wanaanza matibabu mapema, wasipoijua wanaanza kwa kubahatisha.